Mwenyeji Hanunuliwi: Uhakiki wa Mchezo wa Mbio za El Dorado

Msomaji wa jarida hili akikutana na neno "mchezo" katika makala ya uhakiki hutarajia jukwaa, pazia na wahusika wenye kusema. Leo tunamwomba radhi, kwani mchezo tunaoukusudia huchezwa mezani kwa karata na ramani, na wahusika wake hawatamki neno. Hata hivyo una fani na una maudhui, na kipimo kile kile tupimiacho tamthilia na riwaya chaweza kuupima nao. Tena tutajaribu kuonyesha kwamba ila yake kubwa ni ila ya lugha, na kwa hiyo yatuhusu sisi walimu kuliko inavyomhusu mchezaji wa kawaida.

Mchezo huu kwa Kijerumani huitwa "Wettlauf nach El Dorado", yaani Mbio za kwenda El Dorado. Mtunzi wake ni Reiner Knizia, Mjerumani mwenye shahada ya udaktari katika hisabati, na ulitolewa mwaka 2017 na kampuni ya Ravensburger. Mwaka huo huo ulikuwa mmoja wa michezo mitatu iliyogombea tuzo ya Mchezo wa Mwaka ya Ujerumani, ingawa tuzo hatimaye ilikwenda kwa mchezo uitwao Kingdomino. Huchezwa na watu wawili hadi wanne, wa umri wa miaka kumi na zaidi. Nakala tuliyoitumia ililetwa na mwenzetu aliyerudi kutoka masomoni Ulaya. Tuliicheza katika semina ya likizo, kwanza walimu peke yetu, kisha pamoja na wanafunzi wetu wa Kiswahili.

Tuanze na fani. Ramani huungwa kwa vipande vikubwa vya kadibodi, na kila kipande kimegawanywa katika vituo vya pembe sita. Kwa kuwa vipande vyaweza kupangwa kwa namna nyingi, safari ya leo si ya jana. Kituo cha msitu hudai panga, cha maji hudai kasia, cha kijiji hudai sarafu. Vipo pia vifusi, ambavyo hudai mchezaji atupe karata zake, na milima isiyopitika kabisa. Kila mchezaji huanza na fungu la karata nane zilizo sawa na za wenzake: wavumbuzi wenye panga moja moja, wasafiri wenye sarafu moja moja, na baharia mwenye kasia. Huchanga karata zake, akashika nne mkononi, akatoa azitakazo ili asogee au anunue. Kwa zamu moja hununua karata moja tu sokoni, nayo haimfai papo hapo, bali huingia katika fungu lake na kusubiri siku ya kuchangwa tena.

Mtindo huu wa kujenga fungu la karata ulipata umaarufu kwa mchezo wa Dominion, uliotungwa na Donald X. Vaccarino mwaka 2008. Ustadi wa Knizia ni kuuoa mtindo huo na mbio. Katika Dominion mtu hujenga fungu ili apate alama. Hapa hujenga fungu ili apate mwendo. Kila sarafu inunuayo karata ni hatua ambayo haikupigwa leo kwa matumaini ya hatua tatu kesho. Anayenunua mno huachwa nyuma na fungu lake tajiri. Asiyenunua kabisa hutangulia mwanzoni, kisha hukwama mbele ya msitu udaio panga tatu, kwa maana sheria hairuhusu kuunganisha karata tatu dhaifu ili kuingia kituo kimoja kigumu. Sharti iwepo karata moja yenye nguvu hizo.

Jambo lililotuvutia zaidi ni thamani ya kupunguza. Mtu afikapo kambini hulazimika kuondoa karata zake kabisa katika mchezo, na anayeanza huona hiyo ni hasara. Mzoefu huona ni faida: akiwatupa wasafiri na wavumbuzi dhaifu, wale hodari humrudia mkononi upesi zaidi. Mwenzetu mmoja, aliyefundisha insha kwa miaka mingi, alisema ndivyo anavyowafundisha wanafunzi wake, wafute neno legevu ili neno zito lisikike. Hatukupata mfano bora wa kuwapa wanafunzi.

Kwa upande wa fani, basi, hatuna lawama ila ndogo. Bahati ya kuchanga karata humwangusha mtu mara moja moja, jambo ambalo wachezaji wetu wa bao hawakulipenda, kwa maana katika bao kete zote zi wazi machoni pa wote na aliyeshindwa hana wa kumlaumu. Lakini sheria imeruhusu mchezaji kubaki na karata asizozitumia hadi zamu ijayo, na hivyo mwenye subira huipunguza bahati.

Sasa maudhui. Sokoni zimo karata za watu na za vitu: nahodha, mwandishi wa habari, mpiga picha, milionea, mchora ramani, mwanasayansi, dira, shajara ya safari, ndege, chombo cha redio. Mpiga picha na ndege hutuonyesha kwamba mtunzi hakukusudia karne ya 16, bali wavumbuzi wa hadithi za sinema. Katikati ya hao imo karata ya mwenyeji wa nchi. Nguvu yake ni ya ajabu: mwenye kuitoa huingia kituo cha jirani bila kulipa kinachodaiwa, hata kama ni ule msitu wa panga tatu. Ajuaye njia hahitaji panga. Kwa hapa mchezo umesema kweli kubwa kuhusu safari zote za aina hii, na pengine umeisema bila kukusudia.

Ila imo katika namna ya kuisema. Tulipowapa wanafunzi kazi ya kuzipa karata majina ya Kiswahili, nyingine zilipita bila mjadala. Walipofika kwenye hii, mmoja alipendekeza "mzawa", mwingine "mtu wa huko", wa tatu "mwenyeji", na "mwenyeji" likakubaliwa. Ndipo msichana aliyekuwa kimya tangu asubuhi akauliza, "Mwalimu, mwenyeji ananunuliwa?" Tulimjibu kwamba hizo ni sheria za mchezo, wala hata nahodha hununuliwa. Jibu lilikuwa sahihi, lakini halikutosha, nasi tulilijua hilo tulipokuwa tukilitamka. Nahodha ana kazi, na mwenye kazi huajiriwa. Mwenyeji hana kazi aliyotajwa nayo. Alichonacho ni kwao. Methali yetu husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Katika mchezo huu mgeni huja, na mwenyeji huingia katika fungu lake pamoja na panga na dira.

Tuliporudi kwenye historia tuliona kwamba ila hii si ya mtunzi peke yake. El Dorado kwa Kihispania maana yake ni "aliyepakwa dhahabu". Lilikuwa jina la mtu. Wahispania walisikia habari za mtawala wa Wamuiska, katika nyanda za juu za nchi iitwayo leo Kolombia, ambaye alipakwa vumbi la dhahabu mwilini na kupelekwa kwa chelezo katikati ya ziwa Guatavita, akatoa sadaka ya dhahabu na zumaridi. Chelezo kidogo cha dhahabu kinachodhaniwa kuonyesha ibada hiyo kiliokotwa pangoni mwaka 1969, na kimehifadhiwa katika Jumba la Dhahabu mjini Bogotá. Kadiri tamaa ilivyozidi, jina la mtu likageuka jina la mji, na mji ukasogezwa mbali kila mara usipoonekana. Walter Raleigh aliutafuta Guyana mwaka 1595 asiuone.

Mbio zenyewe zilikuwapo kweli. Gonzalo Jiménez de Quesada aliondoka Santa Marta mwaka 1536 na mamia ya watu. Waliofika nyanda za juu mwaka 1537 hawakutimia 200. Mwaka 1539 walimkuta huko Nikolaus Federmann, Mjerumani wa mji wa Ulm, aliyetokea upande wa Venezuela, na Sebastián de Belalcázar aliyetokea Quito. Watatu hao hawakuweza kukata shauri nani mshindi, wakasafiri kwenda Hispania kupeleka madai yao mbele ya mfalme. Mezani mchezo huwaamua waliofika raundi moja kwa kuhesabu vizuizi walivyovikusanya njiani. Wamuiska, wenye nchi, hawakuulizwa. Sarufi ya lugha yao ilichapishwa Madrid mwaka 1619 na padre Bernardo de Lugo, lakini lugha yenyewe ilikoma kusemwa katika karne ya 18. Mwalimu wa lugha asomapo habari hizo hawezi kuipita karata ile kama apitavyo karata ya dira.

Wala sisi si wageni wa jambo hili. Katika safari za kutafuta chanzo cha Nile, Speke mwanzoni hakukijua Kiswahili. Alizungumza na Sidi Mubarak Bombay kwa Kihindustani cha kubahatisha, na Bombay ndiye aliyewafasiria wengine. Bombay alisafiri na Burton, na Speke, na Stanley, na Cameron. Hao wanne vitabu viliwaita wavumbuzi, naye akaitwa mtumishi. Tulipowafahamisha wanafunzi hayo, walilitazama upya hata neno "mvumbuzi" walilokuwa wameliandika bila kusita. Kuvumbua ni kukuta kilichofichika. Wakauliza, kilifichika kwa nani?

Mwenzetu mmoja alijaribu kuuokoa mchezo kwa neno la kale. Alikumbusha kwamba "hongo" zamani halikuwa rushwa. Ilikuwa ada ambayo msafara ulimlipa mtawala ili upite katika nchi yake. Basi, alisema, sarafu zinazotolewa kwa karata ya mwenyeji tuziite hongo ya njia, wala si bei ya mtu. Shauri hilo lilitufurahisha, na wanafunzi walijifunza historia ya neno ambalo walilijua kwa maana mbaya tu. Lakini baada ya kulijaribu tumeona haliponyi. Hongo ililipwa upya katika kila nchi msafara ulipopita. Karata ya mwenyeji hulipiwa mara moja, kisha humrudia mwenyewe kila achangapo karata, katika msitu huu na ule, hadi mwisho wa safari. Hiyo ni milki, na kuiita hongo ni kuipaka rangi.

Kwa hiyo shauri letu kwa walimu ni hili. Mchezo huu utumieni, maana ni mzuri. Hufundisha hesabu ya mbele, hufundisha kuacha, na humlazimisha mwanafunzi kusema kila atendalo: natoa kasia mbili, naingia mtoni, nanunua mchora ramani. Sisi tuliweka sharti kwamba asiyetamka hasogei, na katika muda wa saa moja hata wale wazito wa kusema walitoa sentensi nyingi kuliko tulizozisikia darasani kwa juma zima. Lakini msiwape majina ya karata yakiwa tayari. Waachieni wanafunzi wenyewe kazi hiyo, na wafikapo kwa mwenyeji msiwaharakishe.

Mchezo umekiri kwamba ajuaye nchi hupita pasipopitika. Haukukiri kwamba yeye naye ana safari yake, na kwamba huenda hataki kwenda El Dorado. Tuliporudisha karata sandukuni siku ya mwisho, msichana yule aliibandika karata ya mwenyeji kipande cha karatasi chenye maneno mawili: "Jina lake?" Hatukukibandua. Walimu watakaoazima nakala yetu watakikuta hapo, nasi tutafurahi kusikia kutoka kwao wanafunzi wao wamejibu nini.