Soma Habari Kuanzia Chini

Kigogo adaiwa kutafuna fedha za madawati

Na Mwandishi Wetu

IMEBAINIKA kuwa mamilioni ya shilingi yaliyotengwa kununua madawati ya shule za msingi yameyeyuka mikononi mwa ofisa mmoja wa halmashauri. Chanzo cha kuaminika kutoka ndani ya halmashauri hiyo kililiambia gazeti hili kuwa fedha hizo alilipwa mzabuni hewa. Hadi tunakwenda mitamboni, ofisa huyo hakupatikana kuzungumzia tuhuma hizo baada ya simu yake ya kiganjani kuita bila kupokelewa.

Habari hii nimeitunga mwenyewe asubuhi hii, na imenichukua dakika nne. Hakuna halmashauri, hakuna madawati. Hata hivyo, msomaji wa magazeti yetu ataapa kwamba ameshaisoma mahali, kwa sababu sehemu zake zote zilikuwa tayari zimefyatuliwa kama matofali. Kazi yangu ilikuwa kupanga tu. Kila tofali lina maana yake ndani ya chumba cha habari, na mara nyingi maana hiyo siyo anayoipata mnunuzi wa gazeti pale kibandani. Tulibomoe jengo hili basi, tuanzie chini, maana huko ndiko mambo mengi yamefichwa.

“Hadi tunakwenda mitamboni.” Mitambo ni ile ya kuchapa. Gazeti la asubuhi hufungwa jioni au usiku wa kuamkia siku hiyo, na kurasa za nakala zinazosafiri mikoani hufungwa mapema zaidi ili ziwahi gari. Saa ile ikifika, kinachojulikana ndicho kinachochapwa. Ambacho hakijajulikana hubaki nje, au hubahatishwa. Kubahatisha huko kuna mfano unaofundishwa duniani kote: gazeti la Chicago Daily Tribune la tarehe 3 Novemba 1948, lililotangaza kwa herufi kubwa kwamba Dewey amemshinda Truman katika uchaguzi wa urais wa Marekani. Wachapaji wake walikuwa kwenye mgomo, kutengeneza kurasa kulichukua muda mrefu kuliko kawaida, kwa hiyo toleo la kwanza lilibidi lifungwe wakati kura za majimbo mengi bado zinahesabiwa. Wahariri wakategemea utabiri wa mwandishi wao wa Washington, Arthur Sears Henning, mzoefu wa siasa za pale. Truman alishinda. Siku moja baadaye alipigwa picha kwenye kituo cha treni cha St. Louis akiliinua gazeti lile juu, kicheko kimemjaa usoni.

Kosa la Chicago lilikuwa la wazi, ndiyo maana lilichekwa. Letu ni la chini kwa chini. Nilipoanza kazi hii niliwahi kuandika kwamba mtu fulani “alitafutwa bila mafanikio”. Ukweli ni kwamba nilimpigia mara moja, saa kumi na moja na nusu jioni, habari ikiwa imeshaandikwa na kichwa kimeshawekwa. Simu iliita. Nikashukuru moyoni kwamba hakupokea, kwani angepokea ningelazimika kuandika upya. Mhariri hakuniuliza nilipiga saa ngapi, wala mara ngapi. Tofali lilikuwa mahali pake, ukuta ukaonekana umekamilika.

Kwa hiyo ukikutana na sentensi hiyo, tazama inasema nini kuhusu juhudi. “Hakupatikana” peke yake haina uzito. “Alipigiwa simu mara tatu juzi na jana, akatumiwa maswali kwa maandishi, na mwandishi alifika ofisini kwake” ni kazi iliyofanyika. Tofauti yake ni maneno kumi na tano, na mwandishi aliyefanya kazi hiyo huwa hasahau kuyaandika.

Kuna jambo jingine kuhusu sentensi ile: mahali ilipokaa. Habari ngumu huandikwa kwa mtindo unaoitwa piramidi iliyogeuzwa. Lililo zito hukaa juu, kisha uzito unapungua kadiri unavyoshuka, hadi aya ya mwisho ambayo hata ikikosekana hakuna atakayelia. Simulizi maarufu huuhusisha mtindo huu na telegrafu wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, 1861 hadi 1865, waya zilipokuwa zikikatika katikati ya ujumbe. Wanahistoria wanabishana juu ya asili hiyo. Kilichoufanya uendelee kupendwa hakina ubishi: tangazo la nusu ukurasa likiingia saa mbili usiku, mhariri anakata habari kutoka chini bila kuisoma yote. Sasa rudi kwenye madawati yetu. Utetezi wa mtuhumiwa umekaa wapi? Sentensi ya mwisho, pale pale mkasi unapoanzia. Siyo lazima mtu awe na nia mbaya. Muundo wenyewe unatosha kumnyima mtu haki yake ya kusikika.

Tupande kwenye “chanzo cha kuaminika”. Hapa Kiswahili kina hila ambayo sijaiona ikijadiliwa vya kutosha. Mtu yuko katika ngeli ya A-WA: mlinzi alisema, mhasibu alisema. Akishaitwa chanzo anahamia KI-VI, na kuanzia hapo kinachozungumza ni kitu: chanzo kilisema, kikaongeza, kikasisitiza. Sarufi yenyewe imeshamvua utu kabla mhariri hajamvua jina. Kwa kumlinda mtu ambaye angefukuzwa kazi au kudhuriwa, ni hila nzuri mno. Shida ni kwamba inamfunika vilevile mtu ambaye hayupo. Wingi wake ni mbaya zaidi. Nimeona “vyanzo vyetu” vikitoka kwa bwana mmoja aliyekuwa akinywa supu na mwandishi.

Kumficha mtoa habari siyo dhambi. Skendo ya Watergate, iliyomng'oa Rais Richard Nixon mwaka 1974, ilifuatiliwa na Bob Woodward na Carl Bernstein wa Washington Post kwa msaada wa mtu ambaye jina lake lilikaa gizani kwa zaidi ya miaka 30. Mwaka 2005 ndipo Mark Felt, aliyekuwa namba mbili katika FBI, alipojitokeza kuwa ndiye. Lakini makubaliano yao yalikuwa na masharti: mambo mengi aliyoyasema hayakunukuliwa hata bila jina, yalitumika kuthibitisha yaliyopatikana kwingine na kuelekeza pa kutafuta. Chanzo kilikuwa mwanzo wa kazi. Kwetu mara nyingi chanzo ndiyo kazi yote.

Msomaji hana namna ya kumjua mtu huyo, na hapaswi kumjua. Anachoweza kudai ni kuambiwa alijuaje. “Ofisa aliyehudhuria kikao hicho” ni tofauti sana na “mtu wa karibu na ofisi hiyo”, kwani hata muuza karanga wa getini ni mtu wa karibu na ofisi. Na ukisoma “nyaraka ambazo gazeti hili limeziona”, simama hapo uisome aya hiyo mara mbili. Mwandishi amejifunga mwenyewe: akishtakiwa, itabidi azitoe.

Sasa tufike kwenye neno la kwanza, lile la herufi kubwa. IMEBAINIKA. Kwa nani? Hiki ni kitenzi kisicho na mtenda. Lugha yetu inakubali hilo bila kinyongo, na waandishi tumelinenepesha jambo hilo hadi limekuwa ndama wa nyumbani. Imedaiwa, imeelezwa, imefahamika, imebainika, imethibitika: gazetini yanatumika kama ndugu wa tumbo moja, wakati kila moja lina daraja lake. Kudaiwa ni maneno ya mtu, hayajapimwa. Kuelezwa ni hayo hayo, ila msemaji amevaa tai. Kufahamika kunadokeza kwamba mwandishi anajua bila kusema amejuaje. Kubainika kunataka pawe na aliyechunguza akaona. Kuthibitika kunataka ushahidi unaoweza kuwekwa mezani. Mwandishi anayeruka kutoka daraja la kwanza hadi la nne bila kukanyaga katikati amedanganya, hata kama kila sentensi yake ni sahihi kisarufi.

Na hapo ndipo habari yangu ya kutunga inapojikaanga. Tazama tena kichwa: kigogo adaiwa. Tazama mwanzo wa habari: imebainika. Hayo mawili hayawezi kukaa nyumba moja. Yanakaa kwa sababu yameandikwa na watu wawili. Mwandishi huandika habari. Kichwa, mara nyingi, huandikwa na mhariri dawatini, ambaye ameshawahi kupokea barua ya wakili na hataki nyingine. Ukiona kichwa kina woga kuliko habari, jua mhariri hakuiamini sana lakini hakuwa na habari nyingine ya ukurasa wa mbele. Ukiona kinyume chake, kichwa kinapiga kelele na habari inanong'ona, basi kilichokuwa kikifikiriwa ni mauzo ya mtaani.

Kichwa kina sarufi yake pia. Jana watu watano walikufa ajalini, lakini leo kichwa kinasema “Watano wafa”. Waziri alikasirika juzi, kichwa kinasema “Waziri awaka”. Ni ile -a- ambayo katika mazungumzo ya kawaida ya wengi wetu imeshaipisha -na-, ila gazetini bado inatawala kwa sababu ni fupi na inalifanya la jana liwe la sasa hivi. Huyo “kigogo” naye ana kazi yake: anatisha vya kutosha kuuza gazeti, na ni gogo lisilo na jina ili pasiwe na wa kushtaki.

Majina ya watu walioko mikononi mwa dola nayo yana madaraja, na hapa kosa linaweza kumharibia mtu maisha. Mtuhumiwa, au mshukiwa kama wanavyosema Kenya, bado anashukiwa tu. Mshtakiwa amesomewa shtaka mahakamani. Aliyetiwa hatiani amehukumiwa. Lakini ni mara ngapi tumesoma “majambazi watatu wauawa”, na jambo pekee linalowafanya kuwa majambazi ni kauli ya kamanda aliyetangaza vifo vyao?

Yako matofali mengine niliyoyaacha nje ya jengo langu. “Hayo yamesemwa na” mgeni rasmi fulani alipokuwa akifungua semina, maana yake hakuna kilichotokea zaidi ya mtu kusema. “Picha: Maktaba”, maana yake mafuriko unayoyatazama siyo ya jana. “Taarifa kwa umma” ni maneno ya ofisi iliyoyaandika, na likiyachapa neno kwa neno gazeti limekuwa ubao wa matangazo. Tahariri ni sauti ya gazeti lenyewe, na haina jina la mtu kwa sababu hiyo. Safu kama hii ni ya mwenye jina peke yake, gazeti likikataa kuhusika. Nikiwa hapo, niseme kidogo: mhariri na uhuru ni maneno ya ukoo mmoja. Yote yanatoka kwenye mzizi wa Kiarabu wenye maana ya kuwa huru, na tahrir ya Kiarabu ni kuhariri na pia ni kukomboa. Uwanja maarufu wa Cairo umebeba jina hilo kwa maana ya pili. Wahariri ninaowajua hucheka nikiwaambia.

Nimebakiza mstari mmoja, “Na Mwandishi Wetu”. Nimeuacha mwisho kwa makusudi, ingawa uko juu kabisa, kwa kuwa ndio unaolaumiwa haraka na ndio wenye sababu nyingi. Wakati mwingine ni uvivu: habari imenakiliwa mtandaoni na hakuna anayeona haya kiasi cha kuweka jina. Wakati mwingine ni taarifa ya ofisi iliyobadilishwa koma mbili. Mara nyingine waandishi wanne wamechangia aya moja moja. Lipo hata jarida kubwa la Uingereza, The Economist, ambalo kwa desturi haliweki majina ya waandishi wake, na hakuna anayeliita la makanjanja.

Na wakati mwingine Mwandishi Wetu ni mtu mwenye jina, mke na watoto, anayeishi katika mji mdogo ambako kila mtu anajua nyumba yake ilipo, na mhariri aliyeko Dar es Salaam ameona ni heri sifa zipotee kuliko mtu kupotea. Azory Gwanda alikuwa mwandishi wa kujitegemea wa Mwananchi, akiripoti mauaji yaliyokuwa yakitokea Kibiti na Rufiji, mkoani Pwani. Alitoweka Kibiti tarehe 21 Novemba 2017. Hadi safu hii inakwenda mitamboni, hajapatikana.