Kadenge na Mpira

Sifa za wachezaji mpira huwa ndefu. Ya Joe Kadenge ina maneno machache tu: "Kadenge na mpira, mpira na Kadenge." Ndivyo alivyotangaza Leonard Mambo Mbotela kwenye Sauti ya Kenya, na ndivyo inavyosemwa mpaka leo na watu ambao hawakumwona Kadenge hata siku moja. Ndani yake hamna goli, hamna shuti, hamna kombe. Ukiyakuta maneno hayo yameandikwa utadhani mtangazaji kaishiwa. Na kweli aliishiwa, maana mpira ulikuwa hauondoki mguuni mwa mtu.

Kazi ya kutangaza mpira redioni ina ugumu wake. Msikilizaji haoni kitu. Yeye anaishi kwa majina. Timu ikipigiana pasi, mtangazaji anakwenda nazo: huyu kampa yule, yule kampelekea winga, winga kamwaga krosi. Kila sekunde jina jipya, na kwa majina hayo msikilizaji anauchora uwanja kichwani. Sasa mpira ufike kwa mtu mmoja na utulie hapo. Beki wa kwanza kaja, kaachwa. Wa pili kaja, naye yuko chini anatafuta miguu yake. Jina la kutaja bado ni lile lile. Mbotela akaligeuza, akaliweka nyuma ya mpira, kisha mbele ya mpira, ili hewa isibaki tupu. Kwa hiyo maneno yale mimi huyachukua kama taarifa ya muda: yanatwambia mtu mmoja alikaa na mpira kupita urefu wa sentensi. Kwa mshambuliaji aliyezungukwa na mabeki, huo ni muda mrefu mno.

Kadenge alizaliwa mwaka 1935 magharibi mwa Kenya, nchi ya Waluhya. Alichezea Maragoli United, na baadaye Abaluhya United, klabu iliyoundwa mwaka 1964 kwa kuunganisha timu kadhaa za Waluhya, ambayo leo ni AFC Leopards. Timu ya taifa aliichezea zama za Kombe la Gossage, mashindano yaliyopewa jina la mtengeneza sabuni na yaliyozikutanisha Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar. Mbotela alianza utangazaji mwaka 1964, wakati Kadenge anakaribia miaka thelathini. Yaani kile ambacho Mbotela alikidaka ni ufundi uliokwisha kukomaa. Ujana wake wote wa mpira ulipita kabla ya kipaza sauti cha Mbotela.

Picha za kutembea za mchezo wake ni adimu. Garrincha wa Brazil, aliyekuwa na umri karibu na wake, tunaye kwenye filamu za Kombe la Dunia za mwaka 1958 na 1962. Tunaweza kumrudisha nyuma, tukamsimamisha, tukahesabu hatua zake. Kwa Kadenge inabidi tuusome mchezo kwa kuangalia vitu alivyochezea.

Mpira wa enzi hizo ulikuwa wa ngozi, umefungwa kwa kamba mdomoni, na ukinyeshewa unakuwa mzito. Viwanja vingi vilikuwa vya vumbi na vichuguu. Wengi walicheza peku. Hata timu ya Uganda iliyozuru Uingereza mwaka 1956 ilikuwa na wachezaji wengi wasiovaa viatu. Mguu mtupu una faida na hasara zake. Unaujua mpira kwa ngozi, unahisi kama umegeuka hata kidogo. Ila ukichelewa, kidole ndicho kinacholipa. Kwa hiyo mpiga chenga wa wakati ule alijifunza mambo mawili kwa pamoja: kuuweka mpira karibu, na kuusoma mguu wa adui kabla haujafika.

Hapa Murukulazo, wilayani Ngara, Tanzania, elimu hiyo bado inatolewa bure. Watoto wanacheza chandimu kwenye kipande cha ardhi kilichoinama kuelekea bondeni, kama ardhi karibu yote ya huku. Mpira wao ni majani makavu ya mgomba yaliyoviringishwa na kukazwa kwa kamba ya mgomba huo huo, mzunguko juu ya mzunguko, mpaka ukiubonyeza haubonyei. Haudundi. Ukiupiga kwa nguvu unafumuka, na mchezo unasimama mpaka mtu aufunge upya. Hivyo hakuna anayeubutua. Anaupeleka kwa visigino na nyayo, mwili umeuinamia, na akishuka na mteremko inabidi auzuie usimkimbie. Nilimwangalia mmoja, mdogo kuliko wenzake, amesimama na mpira bila kufanya lolote. Alimngoja anayemkaba aulalie mguu wa kulia. Alipoulalia tu, yeye akapita kushoto, tena kwa mwendo wa kawaida kabisa. Siri ya chenga iko kwenye kungoja huko. Mbio ni kwa ajili ya aliyekwisha kuachwa.

Tusimtukuze kupita kiasi. Chenga haziibebi timu peke yake. Tarehe 12 Desemba 1965, jijini Nairobi, Kenya ilifungwa na Ghana mabao 13 kwa 2. Ghana ndiyo kwanza ilikuwa imetoka kuchukua Kombe la Afrika kwa mara ya pili mfululizo, na ilikuwa imejipanga kwa namna ambayo kwetu huku haikuwapo. Ufundi wa mtu mmoja una mpaka wake, na siku ile mpaka ulionekana mchana kweupe.

Baada ya kutundika daluga Kadenge hakupata utajiri. Aliendesha teksi Nairobi, na mwaka 2002 akaifundisha timu ya taifa. Alifariki tarehe 7 Julai 2019, akiwa na miaka 84. Mbotela alimfuata Februari 2025.

Nina neno moja kwa makocha wa timu za shule, wa huku Ngara na Biharamulo na kwingineko. Nimesimama kandokando ya viwanja vyenu vya kutosha, na kelele ninayoisikia zaidi ya zote ni "Achia! Achia mpira!" Pasi ni muhimu, sibishi. Lakini mtoto mwenye miaka kumi akiweza kukaa na mpira huku watatu wanamtaka, mwacheni kwanza. Kupiga pasi atafundishwa na yeyote akiwa mkubwa. Lile jingine hakuna atakayemfundisha.