Kuongeza Bila Kubomoa

Nyuma ya NES Classic Edition kuna matundu mawili tu: moja la HDMI la kupeleka picha kwenye televisheni, na jingine dogo la USB la kuingizia umeme. Nintendo ilipoitoa mashine hiyo Novemba 2016, kwa kila aliyeinunua tundu hilo la pili lilikuwa la umeme basi. Kumbe nyaya zake zote zilikuwa zimeungwa ndani, za umeme na za kupitishia data, na hapo ndipo ulipoingilia ufundi ninaotaka kuusifu. Hauhitaji bisibisi wala kulehemu. Mtu anaweza kuiongezea mashine hiyo gemu baada ya gemu, na skrubu zake zisiguswe hata moja.

Kisanduku chenyewe kinakaa kiganjani. Ni mfano mdogo wa NES iliyoanza kuuzwa Marekani mwaka 1985, ambayo nayo ilitokana na Famicom ya Japani ya 1983. Mashine ile ya kale ilikuwa na prosesa ya Ricoh isiyofika megahezi 2, na RAM ya kilobaiti 2. Hii ndogo ina prosesa ya Allwinner R16 yenye viini vinne, RAM ya megabaiti 256 na hifadhi ya ndani ya megabaiti 512, na vyote hivyo vinaendeshwa na Linux. Ilikuja na gemu 30. Super Mario Bros. ina kilobaiti 40. Kirby's Adventure, iliyo nzito kuliko zote humo, ina kilobaiti 768. Gemu zote 30 ukizijumlisha hazifiki megabaiti 10. Duka la kununulia nyingine halikuwekwa, wala tundu la kadi. Aliyenunua alipewa nyumba kubwa, akaonyeshwa chumba kimoja.

Prosesa za Allwinner zina mlango wa dharura uitwao FEL. Ndio mlango wa kuipa mashine programu hata kama hifadhi yake ni tupu au imeharibika. Kwenye NES Classic unafunguliwa hivi: unachomeka waya wa USB kwenye kompyuta, unabonyeza RESET na kuishikilia, kisha unawasha POWER. Televisheni inabaki giza, maana mfumo wa mashine haujaamka. Lakini kompyuta inatangaza kwamba kuna kifaa kipya kimeunganishwa.

Fundi simu wa Kariakoo jijini Dar es Salaam au wa barabara ya Luthuli mjini Nairobi hahitaji kufafanuliwa jambo hilo. Kila siku anashikilia kitufe cha sauti huku akichomeka waya, ili simu iliyokufa ikubali kupokea programu upya. Tableti nyingi za bei nafuu zilizoingia masokoni mwetu zilikuwa na prosesa za Allwinner, na kuziflashi kulipitia mlango huohuo wa FEL. Fundi huyo anajua pia kwamba kuna waya wa kuchajia tu na waya unaopitisha data, na kwamba kwa macho hazitofautiani. Ajuaye hayo yuko mbali kuliko anavyodhani. Nasisitiza hili kwa sababu ufundi wa kurekebisha mashine za gemu huonekana kama mchezo wa watu wa mbali wenye vifaa vya ghali. Mbinu zake za msingi ziko kwenye vibanda vyetu, mikononi mwa vijana ambao hawajaitwa wahandisi.

Aliyefungua njia alijulikana mtandaoni kwa jina la madmonkey, na programu yake aliiita hakchi. Ilikuwa kazi ya kuandika amri kwenye skrini nyeusi. Januari 2017, miezi miwili tu baada ya mashine kutoka, fundi wa Kirusi anayejiita Cluster akatoa hakchi2, yenye madirisha na vitufe vya kubofya. Nchini Urusi miaka ya tisini NES halisi haikuuzwa rasmi. Watoto wa huko walicheza Dendy, nakala ya Famicom iliyoanza kuuzwa mwaka 1992. Ni jambo la kufurahisha moyo kwamba zana iliyoikamilisha mashine ya kumbukumbu ya Nintendo ilitoka kwa watu wa nchi ambayo NES yenyewe haikuifikia rasmi.

Kinachonivuta hasa katika hakchi ni adabu yake. Kazi ya kwanza inayofanywa ni kusoma, si kuandika. Programu inaiomba mashine kerneli yake, ule moyo wa mfumo wa Linux, inainakili neno kwa neno na kuihifadhi kwenye kompyuta ya mtumiaji. Baada ya nakala hiyo kuwa salama, ndipo inafunguliwa nakala nyingine, inatiwa skripti chache, inafungwa na kurudishwa ndani. Gemu 30 za asili zinakaa katika sehemu ya hifadhi ambayo imefungwa isiandikwe, na hakchi haiifungui. Kila mashine inapowaka, skripti zinatandika gemu mpya juu ya zile za zamani, na menyu inaziona zote kana kwamba zilizaliwa pamoja. Ukiamua kuziondoa, kuna kitufe cha kufanya hivyo: kerneli ya kwanza inarejea, na mashine inakuwa kama ilivyotoka dukani.

Yaani aliyeandika programu hiyo alifikiri juu ya siku ambayo mtu hataitaka tena. Mafundi wengi hufikiri juu ya siku ya kuweka tu.

Walioingia ndani walikuta ujumbe. Ndani ya programu za mashine, mtu aliyejitambulisha kama nahodha wa hanafuda alikuwa ameacha maneno machache: kwamba kazi hii imegharimu machozi na saa zisizohesabika, basi atakayefika hapa apaache pakiwa safi, asivunje kila kitu. Hanafuda ni karata za maua za Kijapani, na ndizo Nintendo ilizoanza kutengeneza mjini Kyoto mwaka 1889. Kwa hiyo aliyeandika alijua kwamba watu watakuja. Hakuwatukana wala kuwatisha. Aliwapokea kwa ombi la heshima, na hakchi, kwa namna ilivyojengwa, ni jibu la heshima kwa ombi hilo. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone.

Na mwenyeji alipona kweli. Waya wa pedi ya NES Classic una urefu wa sentimita 75 hivi, na kurudi kwenye menyu lazima ubonyeze RESET kwenye mashine yenyewe. Mchezaji alilazimika kukaa puani mwa televisheni, au kuinuka kila anapotaka kubadilisha gemu. Hakchi iliweka njia ya mkato: unashikilia SELECT na mshale wa chini kwenye pedi, menyu inarudi. Hilo halina uhusiano na kuongeza gemu. Mtu aliona usumbufu, na kwa kuwa tayari alikuwa ndani, akautengeneza.

Kuongeza gemu kwenyewe si kutupa faili na kuondoka. Kaseti za NES hazikuwa hifadhi tupu ya programu. Nyingi zilikuwa na saketi zao za ziada za kuipa mashine uwezo ambao haikuzaliwa nao, na kila aina ya saketi ilikuwa na kanuni zake. Emuleta, yaani programu ya kuigiza mashine ya zamani, inayoendesha gemu ndani ya NES Classic inaitwa kachikachi, na iliandikwa na NERD, tawi la utafiti la Nintendo lililoko Paris. Ni kazi safi sana, yenye picha tulivu na vidole visivyochelewa, ila inazitambua baadhi tu ya saketi hizo. Gemu yenye saketi ngeni haiwaki. Hapo fundi anaingiza RetroArch, ambayo hubeba emuleta nyingine zenye ujuzi mpana zaidi, na anaielekeza gemu ile tu ipitie huko huku nyingine zikiachiwa kachikachi. Amri yenyewe ni mstari mmoja ndani ya faili ndogo inayokaa kando ya kila gemu. Katika faili hiyohiyo mnaandikwa jina, mwaka wa kutolewa, na idadi ya wachezaji. Kisha inatafutwa picha ya jalada inayolingana na zile za Nintendo kwa ukubwa na kwa ung'avu, ili jicho lisijikwae menyu inapopita.

Watu hugawanyika hapa, na mimi nina upande wangu. Wako wanaojaza mamia ya gemu kwa sababu nafasi ipo. Menyu iliyobuniwa kwa gemu 30 inawalemea, hakchi inawapangia folda ndani ya folda, na jioni yao inaishia kwenye kutafuta. Wako wengine wanaoongeza chache, kila moja wakiijua kwa nini iko pale: hii niliicheza na kaka, hii sikuwahi kuimaliza, hii nilisimuliwa tu. Hawa wa pili ndio ninaowaona mafundi. Kuchagua ni sehemu ya kazi ya mikono yao sawasawa na kushikilia RESET.

Kwa sisi wa Afrika Mashariki kuna jambo jingine, nalo ni mwendo. Waliokulia Dar es Salaam, Mombasa au Nairobi miaka ya tisini na baadaye kidogo hawakuikuta NES yenye nembo ya Nintendo. Walikuta TV game: nakala za Famicom kutoka Asia, zenye kaseti zilizoandikwa kwamba zina maelfu ya gemu ilhali zilikuwa gemu chache zinazojirudia kwa majina tofauti. Televisheni zetu zilikuwa za mfumo wa PAL, unaochora picha 50 kwa sekunde. Famicom ya Japani na NES ya Marekani zilichora 60. Nakala zilizotengenezwa kwa soko la PAL, kama Dendy ya Warusi, zilitunza sauti za noti karibu sawa na za Japani lakini mwendo wote ukapungua kwa sehemu moja kati ya sita. Mario alikimbia taratibu zaidi, na muziki ulikuwa uleule kwa mwendo wa upole.

Mtu aliyekulia mashine kama hizo akiwasha NES Classic leo anaweza kuhisi kwamba kuna kitu kimeharakishwa. Shimo alilokuwa akiliruka bila kufikiri linamfikia kabla ya kidole. Hajazeeka; ni kwamba mashine hii ndogo, hata ile iliyouzwa Ulaya, inaendesha gemu zake kwa mwendo wa 60. Kwa Nintendo huo ndio mwendo sahihi, na kwa waliotunga gemu hizo huko Japani ni kweli. Lakini kumbukumbu ya mtoto wa Magomeni nayo ni ya kweli.

Ufundi huu unampa njia. Ndani ya RetroArch kuna emuleta iitwayo FCEUmm, na katika mipangilio yake, mahali pa kuchagua eneo, pamo Japani na Marekani, pamo Ulaya, na pamo Dendy, imeandikwa wazi kwa jina lake. Mtu fulani aliona kwamba nakala ile, iliyodharauliwa na wakusanyaji, ilikuwa na mwendo wake, na kwamba mamilioni ya watu waliishi ndani ya mwendo huo. Akakaa akauandika kwa usahihi. Ukiichagua, Mario anarudi kwenye hatua zake za zamani. Picha hutikisika kidogo, kwa sababu waya wa HDMI bado unapeleka picha 60 kwa sekunde na hesabu haigawanyiki sawasawa, lakini kidole kinajua mara moja kwamba kimefika nyumbani. Sijui kazi nyingine ya kompyuta iliyowahi kuwaheshimu wachezaji wa TV game kiasi hicho.

Kuhusu haki nitasema wazi. Gemu ni mali ya waliozitunga, na kuokota faili za gemu ambazo mtu hakuzinunua ni kuchukua jasho la wengine, hata kama gemu ina umri wa miaka arobaini. Wapo wanaosoma kaseti zao wenyewe kwa vifaa maalumu na kuziingiza, na hiyo ni kazi safi. Ila furaha kubwa zaidi naiona kwenye gemu mpya, maana NES bado inatungiwa gemu. Morphcat Games ya Ujerumani ilitoa Micro Mages mwaka 2019, na walijibana kwa hiari ndani ya kilobaiti 40, kipimo kilekile cha Super Mario Bros., vigae vya picha vikitumiwa zaidi ya mara moja kwa kugeuzwa na kupakwa rangi nyingine. Unailipia, unapewa faili, unaiingiza kwenye kisanduku. Gemu ambayo haikuwapo mashine ilipotengenezwa inakaa kwenye menyu pamoja na Metroid na Mega Man 2, na aliyeitunga amelipwa.

Nintendo ilifuatisha SNES Classic Septemba 2017, yenye prosesa ileile, na kwa muda mfupi hakchi2 ikaifungua. Sony nao wakatoa PlayStation Classic Desemba 2018, wakaweka gemu 20, na 9 kati ya hizo zilikuwa za PAL, za mwendo wa 50, zikauzwa hata Marekani kwa watu waliokulia mwendo wa 60. Wachezaji wa huko walilalamika kwa uchungu uleule ninaousema hapa, ila wao kwao mambo yalikwenda taratibu mno. Mafundi wakaingia ndani ya mashine hiyo pia, wakampa kila mtu mwendo wake.

Cluster aliiacha programu yake wazi, yeyote aisome na kuiendeleza. Alipopumzika, wengine waliichukua na kuiita hakchi2 CE, wakairekebisha makosa, wakaongeza mashine nyingine. Mashine zenyewe hazitengenezwi tena. Zinapita mkono hadi mkono, kwa kuuzwa au kwa zawadi. Ukimpa mtu ya kwako, mpe na ile faili ya kerneli uliyoinakili siku ya kwanza, kwenye flashi ndogo ndani ya boksi, ili naye aamue mwenyewe gemu zipi za kubakiza na zipi za kuondoa.