Utani wa Ifakara na Mcheshi wa Jukwaani

Wako wasomi wasemao ya kuwa ucheshi wa mtu mmoja asimamaye jukwaani, akiwachekesha watu kwa habari za ubaguzi na dhuluma, ni sanaa iliyotoka Marekani, ikapita Afrika Kusini, hata ikafika Nairobi na Dar es Salaam. Kwa umbo lake la sasa, la tiketi na kipaza sauti, neno hilo ni kweli. Walakini mtu aliyepata kuhudhuria maziko Ifakara, au ng'ambo ya mto kuelekea Mahenge, hatashangazwa sana na mcheshi huyo. Amekwisha kumwona mtani.

Mtani huja msibani na ruhusa asiyokuwa nayo mtu mwingine. Huigiza mwendo wa marehemu na kikohozi chake. Hutaja ubahili wake mbele ya wafiwa. Hudai ada kwanza ndipo kazi iendelee. Wafiwa hucheka na machozi hayajakauka. Lakini huyo huyo mwenye kutukana ndiye ashikaye jembe la kaburi, na siku msiba ukiwa kwake atatukanwa vivyo hivyo. Radcliffe-Brown, katika makala yake ya mwaka 1940, alieleza uhusiano wa namna hii kuwa ni dharau yenye ruhusa. Alitazama zaidi jinsi unavyozuia ugomvi. Maneno yenyewe hakuyapima kama sanaa.

Na maneno ndiyo yenye uzito. Chukua salamu moja tu ya watani: "Mtumwa wangu, hujambo?" Wahehe na Wangoni, ambao babu zao walipigana kati ya mwaka 1878 na 1882, leo ni watani. Bonde la Kilombero nalo liliona uvamizi katika karne ile, na neno hilo lina mateka wa kweli ndani yake. Je, kicheko chake ni msamaha, au ni blanketi lililotupwa juu ya dhuluma? Yaelekea ni vyote viwili. Jambo liliokoalo ni kwamba aliyeitwa mtumwa aweza kujibu papo hapo, "Mtumwa ni wewe." Pale mmoja asemapo siku zote na mwenziwe akacheka kwa adabu tu, huo si utani tena, hata ukiitwa hivyo.

Hapo pia ndipo kasoro yake. Utani ni wa walio sawa. Bwana Shauri wa Kiingereza hakuwa mtani wa mtu, wala hakujibiwa. Ilibidi watu watafute sanaa nyingine, kama ngoma ya beni, wakavaa sare na kujipa vyeo vya Kingi na Jenerali. Na Ranger, katika kitabu chake cha mwaka 1975, alikataa kuiona beni kuwa uigaji mtupu. Wala mkubwa si lazima awe mgeni. Mwezi Mei 2020 mchekeshaji Idris Sultan alikamatwa baada ya kueneza video aliyoonekana akicheka picha ya zamani ya Rais Magufuli. Maneno hayakuhitajika, kicheko kilitosha.

Mcheshi wa jukwaani, basi, anao ujasiri ambao mtani hakuuhitaji, lakini hana deni alilo nalo mtani. Trevor Noah hulilipa kwa nafsi yake: yeye mwenyewe ni mtoto ambaye sheria za ubaguzi zilikataza azaliwe, na mzaha wake huanzia hapo. Wengi wa majukwaa ya Dar es Salaam hawalilipi. Humwiga Msukuma kwa lafudhi yake na ng'ombe wake, ukumbi ukacheka, na Msukuma hayumo. Katika Kilombero mzaha huo si mwepesi. Wafugaji waliingia na mifugo yao katika bonde la wakulima wa mpunga, na mwaka 2012 serikali ikafanya operesheni ya kuwaondoa. Zamani utani ulienea pamoja na wapagazi katika njia za misafara, wageni wakapata watani wa kuwazika. Kati ya mfugaji na mkulima wa Ifakara mizaha ipo tele. Bado haijajulikana ni nani atakayemchimbia mwenziwe kaburi.