Mtambaji wa Hadithi Naye Anavishwa Dhahabu!

Jamani, mmeyaona haya? Nimetoka kuyatazama sasa hivi, hotelini hapa Busia, hatua chache tu kutoka lango la mpaka wa Kenya na Uganda, na moyo bado unanienda mbio. Michezo ya Francophonie, ile ya nchi zinazotumia Kifaransa, awamu ya tisa! Iko Kinshasa, ilianza tarehe 28 Julai na inaisha tarehe 6 Agosti 2023. Mimi mpenzi wa michezo tangu utotoni, na hii hakuna aliyewahi kunitajia!

Aliyenionyesha ni dereva wa trela, Mkongomani wa Bukavu, anayesubiri karatasi zake za forodha. Aliegemeza simu kwenye chupa ya maji, kando ya sahani ya samaki wa ngege, tukaanza na mieleka ya Kiafrika. Wanaume wawili, mikono mitupu, vichwa vimegusana, kimya. Halafu ghafla, puu! mmoja yuko chini. Meza nzima tuliruka.

Kisha akaja mtambaji wa hadithi. Nikadhani ni burudani ya kupumzisha watu. Dereva akatikisa kichwa: naye anashindana. Anashindania medali! Dhahabu, fedha, shaba, ile ile anayovishwa mwanajudo. Waimbaji, wachoraji, wachongaji, wapiga picha, wacheza dansi, hata wenye vikaragosi vikubwa vinavyompita mtu kimo, wote wanabeba bendera za nchi zao. Kifaransa sijui, lakini yule mtambaji alipoinua kiganja polepole, kama anayepima urefu wa mtoto aliyepotea, nilisahau kutafuna. "Njo vile!" akasema dereva, na macho yake yalikuwa yamelowa.

Wazo lilipitishwa Québec mwaka 1987, na michezo ya kwanza ikafanyika Morocco mwaka 1989. Imeshafika Antananarivo, Niamey, Beirut, Abidjan. Safari hii ilikuwa iende Kanada, jimbo la New Brunswick likajitoa, Kinshasa ikaibeba. Na sehemu ya mashindano iko Tata Raphaël, uwanja ule ule ambako Muhammad Ali alimwangusha George Foreman mwaka 1974. Mwili ulinisisimka.

Sasa fikirieni huku kwetu. Nenda Tororo, chini ya lile jabali, uwasikie Wajopadhola wakipiga fumbo, ngoma ndefu ambayo mlio wake unaingilia kifuani, na tongoli ikijibu kwa nyuzi. Waiteso wako pande zote mbili za mpaka na akogo zao, ala zinazopigwa kwa vidole gumba. Hapa Busia ndipo vijana walipobeba abiria kwa baiskeli kutoka kituo kimoja cha mpaka hadi kingine, na dunia ikapata neno boda boda. Vipaji tunavyo! Jumuiya ya Afrika Mashariki ina tamasha la JAMAFEST tangu Kigali mwaka 2013, na nalipenda sana, lakini ni la sanaa peke yake. Mwanariadha ana mashindano yake, mpiga akogo ana yake, hawaonani. Kinshasa wameketi meza moja. Burundi na Rwanda zinaruhusiwa kuingia kwa sababu ya Kifaransa. Kongo imejiunga na Jumuiya mwaka 2022 tu, na tayari inatuonyesha jinsi ya kuandaa! Sisi tuna Kiswahili, kinachotoka Lamu hadi Bukavu. Kwa nini tusiwe na michezo ya Kiswahili, na utambaji wetu ukatolewa medali? Nasema kwa dhati, nitakuwa wa kwanza kununua tiketi, hata ikifanyika Bujumbura.

Karatasi za dereva zimetoka saa kumi na mbili jioni. Kinshasa ilikuwa saa kumi, jua bado kali uwanjani. Amewasha trela kuelekea Tororo. Kabla hajapanda amenionyesha pa kuyapata matangazo kwenye simu yangu, na nimeshamwambia mama wa hoteli aniwekee meza ile ile kesho, karibu na soketi.