Fumbo na Mfumbaji: Uigizaji wa Serena Vergano

Katika kuhakiki sanaa zilizozaliwa chini ya udhibiti, mazoea yetu ni kumsifu mtunzi kwa ustadi wake wa kuficha. Anayelibeba fumbo hilo usoni na mwilini mwake, yaani mwigizaji, husahauliwa. Makala haya yanauchunguza usahaulifu huo kwa kumtazama Serena Vergano, mzaliwa wa Milan, Italia, aliyeigiza katika filamu za majaribio za kundi lililojulikana kama Shule ya Barcelona, nchini Hispania, katika miaka ya sitini.

Utawala wa Jenerali Franco uliikagua filamu mara mbili: kwanza mswada kabla ya kupigwa picha, kisha filamu yenyewe kabla ya kuonyeshwa. Kanuni zilizochapishwa mwaka 1963 ziliyafafanua makatazo; hazikuyaondoa. Joaquín Jordá, mmoja wa viongozi wa kundi hilo, alisema kwamba maadamu hawakuruhusiwa kuwa Victor Hugo, wangekuwa Mallarmé. Yaani, aliyenyimwa kuisimulia jamii waziwazi atakimbilia fumbo.

Fumbo hilo ladhihirika katika *Dante no es únicamente severo* (1967), filamu aliyoitengeneza Jordá pamoja na Jacinto Esteva. Vergano ni mwanamke anayemsimulia mwanamume, Enrique Irazoqui, visa mbalimbali ili asimchoke. Msomaji wa *Alfu Lela Ulela* atamtambua Shahrazad mara moja. Lakini tofauti ni kubwa. Shahrazad hukatiza kisa makusudi ili aione kesho. Visa vya Vergano hukatizwa na filamu yenyewe, na baina yake huingizwa picha za upasuaji wa jicho. Msimulizi amepewa kinywa, ila hakupewa mamlaka juu ya kisa chake. Je, si hiyo hasa hali ya msanii mbele ya mdhibiti?

Hapa ndipo uigizaji unapopata uzito wake. Mkaguzi wa mswada husoma maneno; kituo, mtazamo wa pembeni na uso uliotulia mno havimo katika maandishi. Katika *Noche de vino tinto* (1966) ya José María Nunes, ambamo yeye na Irazoqui huzunguka Barcelona usiku wakinywa divai, matukio ni machache. Linalobaki ni namna anavyotembea na kunyamaza. Katika *Esquizo* (1970) ya msanifu majengo Ricardo Bofill, kuhusu akili iliyovurugika, mwili huchukua sehemu kubwa zaidi ya kazi ya maneno.

Hata hivyo, hatuna budi kulikabili shutuma lililotolewa dhidi ya kundi hili, kwamba filamu zake zilikuwa anasa za mabwanyenye. Kuna ukweli ndani yake. Fumbo lisilofumbulika kwa mkaguzi huenda lisifumbulike kwa mfanyakazi pia. Lakini shutuma hilo lawahusu zaidi waliotunga kuliko aliyeigiza. Pale picha zinapojipamba kwa ajili ya wajuzi wachache, uso wa Vergano bado humweleza mtazamaji yeyote habari ya mtu anayesema ilhali hasikilizwi.

Sharti la kukagua miswada liliondolewa mwaka 1976, na udhibiti wa filamu ukafutwa mwaka 1977. Watunzi wa mafumbo yale wameandikwa katika historia ya sinema. Uhakiki wa haki utamwandika na mfumbaji.