Kipepeo wa Bradbury na Mbung'o wa Kagerankanda

Katika kikao chetu cha kusomeana kazi, mwenzetu mmoja wa mwaka wa pili alitusomea hadithi fupi ambayo bado haijachapishwa. Ndani yake mna elimu ya kubuni: wataalamu wanaochunguza wadudu wasafirio katika wakati. Vipepeo huingia dirishani wakitoka mwaka ambao haujafika. Wataalamu huwadaka, huwachoma pini, huandika umri wa vumbi la mabawa yao. Basi. Ukumbi uligawanyika. Wapo waliosema eti hizi ni ndoto za Kizungu, hazimhusu mkulima wala mfanyakazi. Wengine walishangilia ufundi wa lugha. Mie siku ile nilinyamaza; hapa nataka kusema langu.

Nianze na hao wa ndoto za Kizungu. Hivi kweli fantasia ni ngeni kwetu? Shaaban Robert alituandikia Kusadikika (1951), nchi inayoelea angani, na ndani yake tukasoma habari za dhuluma na haki. Euphrase Kezilahabi, katika Nagona (1990) na Mzingile (1991), aliachana kabisa na usimulizi unaofuata saa na kalenda. Kwa hiyo ugomvi wetu usiwe juu ya jambo kuwezekana au kutowezekana. Swali la kujiuliza ni hili: lisilowezekana linatuambia nini juu ya maisha tunayoishi?

Hapo ndipo hadithi ya mwenzetu inapoyumba. Tuilinganishe na hadithi ya Mmarekani Ray Bradbury ya mwaka 1952. Wawindaji wanalipa fedha ili warudishwe enzi za dinosaria. Mmoja anakanyaga kipepeo. Wakirudi kwao, matokeo ya uchaguzi yamegeuka, na hata tahajia ya tangazo lililo ukutani imebadilika. Kipepeo yule ana uzito kwa sababu kifo chake kina gharama, tena gharama inayowaangukia watu ambao hawakwenda kuwinda. Vipepeo wa mwenzetu wanakuja na kuondoka bila mtu kupungukiwa na chochote. Fani ipo, lakini maudhui yamebaki mlangoni.

Sasa tuje nyumbani. Mimi ni mtoto wa Kagerankanda, wilayani Kasulu. Kwetu mdudu amekwisha kuchezea wakati wa watu, wala si kwa kubuni. Miaka ya 1930 serikali ya kikoloni ya Kiingereza, ikipambana na malale, iliwahamisha watu wa sehemu za Kibondo na Kasulu kutoka miji yao iliyotawanyika, ikawakusanya katika makazi ya pamoja. Hoja ilikuwa ya kitaalamu: watu wengi wakikaa pamoja watafyeka vichaka, na mbung'o hapendi mahali peupe. Lakini kule walikotoka mashamba yalirudia kuwa pori, wanyama wakarejea, na mbung'o akapata ufalme.

Babu aliwahi kunipeleka porini akanionyesha mawe ya kusagia yaliyozingirwa na miti. "Mjukuu wangu, hapa palikuwa na mji wa watu," akasema. Mgeni akifika hapo ataapa kuwa msitu ule umekuwapo tangu kuumbwa kwa ulimwengu. Kumbe ni mahame! Na leo mjukuu wa waliohamishwa akiingia humo na jembe, huenda akaitwa mvamizi.

Hebu tazama mwandishi angepata nini hapo. Mbung'o jike hatagi mayai kama nzi wengine. Hulea buu mmoja tumboni, humzaa kila baada ya siku 9 au 10 hivi, na buu hujichimbia ardhini. Elimu ya kubuni inahitaji mambo ya namna hii ili tuisadiki. Wataalamu wa hadithi yetu hawajui hata vipepeo wao wanakula nini. Kubwa zaidi, hawana mamlaka. Mtaalamu wa mbung'o aliandika taarifa, na kwa taarifa hiyo mtu akaambiwa aache nyumba yake. Katika hadithi yetu sayansi ni pambo la chumba tu.

Najua mtu atasema: bwana, wewe unamtaka aandike historia. La hasha. Aibakize fantasia yake yote. Mbung'o wa mwaka 1932 na aingie dirishani mwa ofisi ya leo, atue juu ya ramani inayochorwa. Wataalamu wamdake, wampime. Halafu mmoja wao aulize: eneo hili tuliloliandika pori, nani alikuwa akilala hapa? Na wenzake wahitilafiane kuhusu jibu, maana ramani inasubiri sahihi.

Mwenzetu ana kipaji cha lugha, hilo sina ubishi nalo. Akiirudia hadithi yake kwa macho hayo na kuileta tena kikaoni, mie sitanyamaza.